Shaba Imekaa Kitako

Jumamosi saa kumi, mtaa wa Golf, Lubumbashi.
Mlinzi wa lango ananiuliza, tena kwa upole:
"Unakuja kwa mpishi, ao unakuja kufua?"
Nakuja kukaa, namjibu.
Anacheka. Nani hutoka Katuba na jua hili
kuja kukaa?

Mlangoni jozi tisa za viatu. Vyangu vya kumi,
vyenye udongo mwekundu.
Ndani mito, harufu ya udi,
na mezani Buddha wa shaba, macho nusu,
kama mtu anayesikiliza mvua ingali mbali.

Madamu Hildegonde anagonga kengele.
"Rangi ni ganda," anasema. "Jina ni ganda.
Menya hadi mwisho, hutakuta mtu.
Hakuna mimi. Achilieni."
Sauti yake nzuri, siikatai.
Wenzangu wanashusha mabega.
Langu limekwama kwa babu.

Babu Mutonkole alipofika kampuni
walimvua jina kabla ya kumvua shati.
Wakamtundika shingoni kisahani cha shaba: 4417.
Miaka thelathini na mmoja alikuwa hakuna mimi,
bila kengele, bila mto.
Jioni alivuka ule uwanja mtupu,
mita mia saba za majani kati ya kwao na kwetu,
eti mbu aliyetunywa sisi
achoke kabla hajawafikia.
Basi, Madamu, niambie taratibu:
mkono ambao haujapewa kitu cha kushika
utaachilia nini?

"Vuteni pumzi. Pumzi haina taifa."
Navuta. Ya Golf ina maua na bustani iliyomwagiliwa.
Ya kwetu, upepo ukitoka kiwandani,
ina ladha ya msumari ulionyonywa.
Watoto wetu nao huhesabu pumzi,
kwa kukohoa.

Nilitaka kuondoka.
Lakini yule wa mezani.
Shaba naijua, nimeiosha mtoni nikiwa na miaka tisa,
maji kiunoni.
Labda alitoka hapa, jiwe la kijani ndani ya gunia,
akapita reli, akapita bahari,
akayeyushwa na watu wenye njaa yao wenyewe,
akarudi amefumba macho.
Naye hakuulizwa.
Na nilikuwa nimesoma kwamba huyu, enzi zake,
alimtanguliza kinyozi mbele ya wana wa wafalme,
wao wamwinamie kwanza,
kiburi kipate pa kuvunjikia.
Hilo Madamu hajatusomea.
Huenda kurasa zimenatana.

Baada ya chai nikasema.
Sauti ilitetemeka, nikaiacha itetemeke.
Nikasema 4417. Nikasema nimeulizwa nini langoni.
Mtu mmoja akanong'ona, tusilete siasa hapa.
Madamu akanyamaza. Shingo yake ikaiva, nyekundu;
kumbe ganda nalo husema.
Kisha: "Babu yako aliitwa nani?"
Hakuomba radhi. Aliuliza tu.
Nikalitaja lote, na la mama yake juu:
Mutonkole wa Chola.

Siku hizi Jumapili, uani kwa mama Kyungu,
tunakaa kumi na mmoja juu ya bidoni.
Kengele ni rimu ya lori.
Kabibi, anayeosha mawe Kafubu,
huja na vidole vilivyochanika, havikunjiki.
Hatuanzi na kuachilia. Tunaanza na majina,
kila mtu na wake waliogeuzwa namba.
Halafu pumzi, hiyo hiyo ya msumari.
Halafu barua kwa wenye kiwanda, ya tano sasa,
na ugomvi wa nani ana mwandiko mzuri.

Wiki jana alikuja mlinzi wa Golf.
Anaitwa Mwewa. Sikuwahi kumuuliza.
Alikalia ndoo, akafumba macho,
akasinzia, akakoroma.
Zamu ya usiku mara sita mfululizo.
Rimu ilipogongwa tuliigonga polepole,
kwa kitambaa.